Maua ya ndani bila udongo: mawe ya Meru sebuleni

Ukitoka Muheza kupanda Amani, kwenye milima ya Usambara Mashariki, utakuta miamba iliyojitokeza kando ya vijito, chini ya kivuli cha miti mikubwa. Sogea karibu. Kwenye ufa wa jiwe, mahali ambapo hata kijiko kimoja cha udongo hakipatikani, kuna majani madogo ya mviringo yenye vinyweleo na maua ya zambarau yenye kitovu cha njano. Hiyo ni saintpaulia. Mwaka 1892 Walter von Saint Paul-Illaire, mtawala wa Kijerumani aliyekuwa Tanga, aliipeleka kwa baba yake Ujerumani. Mwaka uliofuata Hermann Wendland, mkuu wa bustani za Herrenhausen mjini Hannover, akaipa jina la kisayansi, Saintpaulia ionantha. Leo ni miongoni mwa maua ya ndani yanayopendwa zaidi duniani, na wengi wanaoyafuga madirishani hawajui kwamba kwao yanaishi juu ya jiwe.

Mmea wa pili unaufahamu hata kama hujui jina lake. Umo kwenye mapokezi ya benki, ofisi za serikali na kumbi za hoteli kuanzia Dar hadi Nairobi: majani manene yanayong'aa utadhani yamepakwa mafuta, vikonyo vimevimba chini. Wauza maua huuita ZZ, kwa kifupi cha Zamioculcas zamiifolia. Huu nao ni wa kwetu. Unaota wenyewe kwenye misitu na vichaka vya pwani, Kenya, Tanzania Bara na Zanzibar, ukashuka hadi Afrika Kusini, mara nyingi penye mawe na mahali mvua inapokatika kwa miezi. Waholanzi walipoanza kuuzalisha kwa wingi miaka ya 1990, ukasambaa duniani, kisha ukaturudia kwa bei ya ua la kigeni.

Sasa angalia tunavyoipokea mimea hii nyumbani. Tunatafuta udongo mweusi kuliko wote, tunachanganya na samadi, tunashindilia kwenye chungu kizuri kisicho na tundu, halafu tunamwagilia kila asubuhi kwa sababu tunaipenda. Baada ya muda majani ya chini yanakuwa ya njano, shina linalegea, na ukivuta mmea unatoka na harufu ya kuoza. Mwenye nyumba anasema hana mkono wa maua. Nimelisikia neno hilo mara nyingi mno, na linaniuma, kwa sababu mara nyingi mkono wake hauna tatizo lolote. Mizizi imekosa hewa.

Mizizi inapumua. Inachukua oksijeni na kutoa hewa ya ukaa, usiku na mchana, na bila oksijeni haina nguvu ya kuvuta maji wala virutubisho. Ndiyo maana mmea uliojaa maji hunyauka sawasawa na mmea wenye kiu, na mwenye nyumba akiona hivyo anaongeza maji. Oksijeni hupenya kwenye maji polepole mno, karibu mara 10,000 kuliko inavyopenya hewani. Vitundu vya udongo vikijaa maji na kubaki hivyo kwa siku kadhaa, mzizi unakosa pumzi, unakufa, na kuvu wa maji wanaingia kumalizia kazi.

Utaniuliza, mbona shambani udongo huohuo unastawisha migomba? Shambani kuna minyoo, mchwa na wadudu wengine wanaochimba usiku kucha. Kuna mizizi mikubwa inayokufa na kuacha vishimo nyuma yake. Kuna kina cha mita kadhaa ambamo maji yanazama yakaenda zake. Ukichota udongo huo ukautia kwenye chungu cha sentimita ishirini, umeuacha bila wafanyakazi wake wote. Kila ukimwagilia, chembe ndogo zinashuka na kuziba nafasi za kubwa, mboji inaoza na kusinyaa, na mwaka haujaisha una tofali lenye mmea juu yake. Naupenda udongo wa shamba, na nisingependa mtu asome haya akadhani naudharau. Ninachosema ni kwamba chungu si shamba.

Kuna jambo jingine ambalo wengi hawaliamini mpaka waone kwa macho. Chukua sifongo ya kuoshea vyombo, iloweshe mpaka ishibe, kisha ilaze bapa kiganjani usubiri mpaka iache kudondosha. Usiikamue. Sasa isimamishe wima. Maji yataanza kudondoka tena. Sifongo ni ileile, ila imekuwa ndefu, na urefu ndio unaoyapa maji uzito wa kushuka. Chungu kifupi chenye udongo laini ni sifongo iliyolazwa: sehemu yake ya chini hubaki imeshiba hata kama tundu liko wazi kabisa. Na zile kokoto tunazotandaza chini ya chungu "ili maji yapite" hazisaidii, kwa kuwa maji hayatoki kwenye udongo laini kuingia kwenye nafasi kubwa za kokoto mpaka udongo ulio juu yake uwe umeshiba kabisa. Kwa hiyo tabaka lile la tope linapanda juu, linaisogelea mizizi zaidi. Nimewaeleza hivi mafundi wa bustani wenye uzoefu mkubwa, wakakataa, tukafanya jaribio la sifongo pamoja, wakanyamaza.

Njia ya kulikwepa tabaka hilo ni kujaza chungu chote punje kubwa kiasi, zisizooza wala kushikamana, zenye vitundu vidogo ndani yake. Maji yanakaa ndani ya punje. Hewa inakaa katikati ya punje na punje. Mzizi unapata vyote viwili kwa wakati mmoja, mwaka wa kwanza na mwaka wa tano, kwa sababu jiwe halisinyai.

Kwamba mmea unaweza kuishi bila udongo si habari mpya. Jan Baptist van Helmont, mwanasayansi wa Brussels, alipanda kijiti cha mti wa wilo kwenye pipa la udongo mkavu wa pauni 200, karibu kilo 90, akawa anamwagilia maji tu kwa miaka 5. Mti ulipanda kutoka pauni 5 hadi 169. Alipoukausha tena udongo na kuupima, ulikuwa umepungua kama wakia 2, yaani gramu hamsini na kitu. Kazi yake ilichapishwa mwaka 1648, akiwa ameshafariki. Yeye aliamini mti wote umetokana na maji, na hapo hakupatia, kwa kuwa sehemu kubwa ya kuni hutokana na hewa ya ukaa. Hata hivyo alionyesha kwamba udongo unatoa kidogo sana. Kidogo hicho ni nini hasa? Jibu lilipatikana Ujerumani karibu na mwaka 1860, pale Julius von Sachs na Wilhelm Knop walipootesha mimea kwenye maji yaliyoyeyushiwa chumvi chache za madini: naitrojeni, fosforasi, potasiamu, kalsiamu, magnesiamu, salfa na chuma. Baadaye yakaongezeka madini mengine yanayohitajika kwa kiasi kidogo mno, kama boroni, zinki, shaba na molibdeni. Udongo ni ghala la vitu hivyo na mahali pa kujishikilia. Ukiweza kutoa huduma hizo mbili kwa njia nyingine, mmea haulalamiki.

Baadaye jambo hili likafika sebuleni, na viroba maarufu vya mchanganyiko wa mawe vinatoka Ujerumani. Ndani yake kuna vitu vitatu, pamoja na mbolea ya punje. Cha kwanza ni pumisi, lile jiwe jepesi la volkano tunalosugulia visigino. Cha pili ni skoria, jiwe jekundu au jeusi la volkano lenye matundu, ambalo watu wa Arusha na Moshi wengi huliita moramu tu. Cha tatu ni zeolaiti, jiwe lenye vyumba vidogo sana ndani vinavyoshika potasiamu na amonia na kuviachia taratibu. Kiroba kimoja kikishasafiri kwa meli na kulipiwa ushuru, bei yake inamkatisha tamaa mtu wa kawaida.

Na hapa ndipo ninapopata hamasa, kwa sababu mimi naishi chini ya Mlima Meru. Mlima huu ulitapika mara ya mwisho mwaka 1910, na pande zake zimejaa vilima vidogo vya skoria. Tunaimwaga barabarani tusikwame kwenye matope. Tunajazia msingi wa nyumba. Ukivuka mpaka kwenda Kenya, pumisi ya Longonot na Naivasha inachimbwa na kujengewa, na baadhi ya mashamba ya waridi ya Naivasha yanaitumia kuoteshea: mistari mirefu ya vyombo vilivyojaa pumisi, kila kimoja na mrija wake wa maji yenye mbolea. Sehemu ya sababu ni kwamba methili bromidi, gesi iliyokuwa ikitumika kuua minyoo na magonjwa ya udongoni kabla ya kupanda, iliwekwa kwenye orodha ya kuachwa chini ya Mkataba wa Montreal kwa kuwa inaharibu tabaka la ozoni. Wakulima wakalazimika kutafuta njia nyingine, na mojawapo ilikuwa kuuacha udongo wenye magonjwa na kutumia jiwe lililo jirani. Kwa hiyo ujuzi upo hapa Afrika Mashariki, umeshajaribiwa kwenye maua yanayosafirishwa kwa ndege kila siku. Umechelewa tu kuingia majumbani.

Skoria yangu naitoa kwenye machimbo madogo kando ya mji. Mzee anayeyasimamia nilimkuta amekaa kwenye ndoo iliyofudikizwa.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba mwanangu. Umekuja na lori au pikapu?"

"Nahitaji viroba viwili tu, vya punje ndogo."

"Viroba viwili unajengea nini?"

"Napanda maua, mzee."

Akaniangalia, akanyanyuka, akachukua koleo mwenyewe. Hakwenda kwenye rundo la mbele ambalo magari yanapakia. Alizunguka nyuma, kwenye rundo la zamani lililonyeshewa masika yote. "Basi chukua hizi," akasema. "Za kule mbele zina vumbi. Hizi Mungu ameshazisuuza."

Alikuwa sahihi. Vumbi ndilo adui wa mfumo huu wote, maana likishuka chini ya chungu linakuwa tope lilelile tulilolikimbia. Kwa hiyo kazi ya kwanza ni kuchekecha na kuosha. Nyunyizia maji kwanza kabla ya kuchekecha, na funga barakoa, kwani vumbi la mawe likiingia kwenye mapafu halitoki. Tumia wavu wenye matundu ya milimita 8 hivi kuondoa makubwa, kisha wavu wa milimita 3 kuondoa unga. Kinachobaki katikati ndicho unachokitaka. Kwa saintpaulia na mimea mingine yenye mizizi myembamba unaweza kushuka hadi milimita 2. Kisha tia kwenye beseni, jaza maji, vuruga kwa mkono, mwaga. Maji ya kwanza yatatoka mekundu na mazito. Endelea mpaka uone sakafu ya beseni. Usimwage maji hayo kwenye sinki, mwaga nje, la sivyo utamwita fundi bomba.

Pumisi nayo ina tabia yake: ukiimwagia maji inaelea. Iache iloweke usiku kucha na utaona nyingi zimezama, hewa iliyokuwa ndani imepisha maji. Hilo pekee linakuonyesha kiasi gani jiwe hilo linavyoweza kuhifadhi. Mimi huchanganya skoria na pumisi nusu kwa nusu kwa mimea mingi, na kwa ZZ na mikonge pori ya ndani naongeza skoria, kwa kuwa inakauka haraka zaidi. Zeolaiti nikiipata naitia kidogo. Nisipoipata sioni tofauti kubwa, ila natia mbolea mara nyingi zaidi kwa kiasi kidogo.

Kuhusu zeolaiti niseme jambo zito. Bonde la Ufa lina zeolaiti nyingi za asili. Miamba ya majivu ya Olduvai ni mfano uliochunguzwa sana na wanajiolojia. Lakini zipo za aina nyingi, na moja wapo, erionaiti, ina nyuzinyuzi zinazosababisha saratani zikivutwa puani. Usiokote jiwe jeupe la majivu bondeni ukalitwanga nyumbani. Nunua iliyoandikwa klinoptilolaiti, ambayo ndiyo inayouzwa kwa mifugo na mabwawa ya samaki. Vilevile usidhani kila kilichotoka kwenye volkano kinafaa. Ol Doinyo Lengai unatoa lava yenye sodiamu nyingi isiyofanana na ya volkano nyingine yoyote iliyo hai duniani, na majivu yake yana magadi mengi. Mmea wa chungu hauwezi kuyavumilia.

Kuhamisha mmea kutoka kwenye udongo ni kazi ya mchana mmoja na inahitaji subira. Utoe kwenye chungu, uloweke bonge zima kwenye ndoo ya maji ya uvuguvugu, udongo ulegee wenyewe. Suuza taratibu mpaka mizizi ibaki mitupu. Udongo ukibaki katikati ya mizizi utaoza humo na kuziba. Kata iliyo laini na ya kahawia, acha iliyo migumu. Tandaza mawe chini ya chungu, shikilia mmea kwa mkono mmoja, miminia mawe kwa mkono mwingine, huku ukigonga chungu pembeni ili punje zijipange zenyewe. Usishindilie. Usijaribu kuusimamisha kwa nguvu kama unayumba. Funga kijiti mpaka ujishike.

Baadhi ya mizizi ya zamani itakufa, na majani moja mawili yataanguka. Usihangaike. Mizizi iliyoota kwenye udongo ilijijenga kwa mazingira ya udongo, na mmea unahitaji muda wa kutoa mipya. Kama umetumia chungu cha plastiki inayoonyesha ndani, utaiona: mieupe, minene, imejaa vinyweleo, inapita katikati ya punje na kuzikumbatia. Nimewaita majirani kuja kutazama mizizi ya monstera kwa tochi usiku, na hakuna aliyeondoka haraka. Ukichimbua punje moja utakuta vinyweleo vimeingia kwenye vitundu vya jiwe na vimeshika kiasi kwamba jiwe linainuka na mzizi.

Kwenye kumwagilia ndipo wengi wanapokwama, kwa kuwa mazoea ya udongo hayafai hapa. Wiki za mwanzo mwagilia kwa juu, maji mengi yapite yote, mara mbili tatu kwa wiki kulingana na joto. Mizizi ikishafika chini, unaweza kuacha maji kwenye sahani au kwenye chungu kikubwa kinachobeba kile cha mmea, yasizidi robo ya kimo cha mawe. Mawe yatayavuta juu yenyewe. Yakiisha, kaa siku kadhaa kabla ya kujaza tena. Hizo siku kavu ndizo zinazoingiza hewa safi hadi chini. ZZ na mkonge pori waongezee siku kavu, hata wiki. Pothosi na filodendro hazihitaji kungoja hivyo. Na maadamu hakuna mboji inayooza, wale vinzi weusi wadogo wanaorukaruka juu ya vyungu hupungua sana, kwa sababu funza wao wanaishi kwa kula uozo na kuvu vya udongoni.

Chakula sasa. Jiwe halilishi. Mtu akikuuzia mawe kwa madai kwamba "yana madini" na mmea hautahitaji mbolea, usimsikilize. Madini ya ndani ya jiwe yamefungwa, yanatoka polepole mno. Kuna njia mbili. Ya kwanza ni mbolea ya maji iliyotengenezwa kwa kilimo kisichotumia udongo, yenye madini yote pamoja na yale ya kiasi kidogo, ikipunguzwa nguvu hadi robo ya kipimo cha pakiti na kutiwa mara kwa mara. Uliza kwenye maduka ya pembejeo yanayohudumia vitalu vya nyanya na pilipili hoho. Urea iache shambani: inategemea bakteria wa udongoni kuigeuza, na kwenye mawe yaliyosuuzwa bakteria hao ni wachache. Naitrojeni unayoitaka ni ya naitreti, ambayo haingoji bakteria.

Njia ya pili ni punje zilizofunikwa utando, zinazotoa chakula kidogo kidogo. Ni rahisi sana, lakini soma pakiti kwa akili ya mtu wa joto. Muda unaoandikwa, tuseme miezi 6, kwa kawaida umepimwa kwenye nyuzi joto 21. Kasi ya kutoka inapanda na joto. Kwenye sebule ya Tanga au Mombasa, nyuzi 30 na zaidi, miezi hiyo itakwisha kabla ya wakati na chumvi itamwagika kwa wingi kwenye mizizi. Tia nusu ya kipimo, ongeza baadaye. Arusha kwenye baridi ya Julai hali ni tofauti kabisa, punje hizohizo zinajivuta.

Na Arusha tuna jambo letu jingine, maji. Kila aliyekulia kuzunguka Meru anajua meno ya kahawia yanatokana na nini: floridi. Shirika la Afya Duniani linapendekeza isizidi miligramu 1.5 kwa lita, na vyanzo vingi huku vinapita hapo, vingine kwa mbali. Mimea ya jamii ya drasena, na ile ya majani membamba yenye mistari myeupe inayoning'inia kutoka kwenye vikapu, inaathirika na floridi kuliko mingine. Floridi inasafiri na maji hadi ncha ya jani, maji yanakuwa mvuke, floridi inabaki, ncha inakauka na kuwa kahawia. Kwenye mawe hali inaweza kuwa mbaya zaidi, kwa kuwa kila sahani unayojaza inaacha chumvi yake nyuma na hakuna mvua inayosuuza. Ndiyo maana napendekeza sana maji ya mvua. Weka mfereji kwenye bati, acha mvua ya kwanza isafishe paa, kinga inayofuata. Usipokuwa nayo, basi angalau mara moja kwa mwezi peleka chungu nje, kimiminie maji mengi mara kadhaa yatoke kabisa, ndipo ukirudishe. Ukiona ukoko mweupe juu ya mawe, umechelewa kufanya hivyo. Toa tabaka la juu, lisuuze, lirudishe. Uzuri wa jiwe ni huo: mmea ukifa au ukihamia kwenye chungu kikubwa, mawe yanachemshwa, yanaanikwa juani na kutumika tena.

Sina haja ya kuficha kwamba nafuata njia hii pia kwa sababu ya kile ninachokikwepa. Viroba vingi vya udongo wa maua vinavyoletwa kutoka Ulaya ni piti, mabaki ya mimea yaliyojilundika vinamasini kwa maelfu ya miaka. Ikikauka inakataa maji, yanateleza pembeni ya chungu na kutoka chini huku katikati pakavu. Kuichimba kunaachia kaboni iliyokuwa imefungiwa tangu zamani. Mwaka 2017 watafiti walionyesha kwamba katikati ya bonde la Kongo kuna vinamasi vya piti vya ukubwa wa takriban kilomita za mraba 145,500, vyenye kaboni kama tani bilioni 30. Sitaki soko la maua ya ndani limfanye mtu yeyote avitamani. Machimbo ya mawe nayo yanaacha mashimo, na si jambo dogo kwa wanaoishi karibu nayo, lakini viroba viwili vinanitosha miaka na miaka.

Si kila kitu nakipanda hivi. Mchicha, nyanya, mchaichai na mti wa limau viko nje kwenye udongo wenye samadi na vinastawi. Chungu kinachokaa juani kutwa nzima nacho sikipendekezi, hasa cha skoria nyeusi. Punje zinapata moto na maji yanakwisha kabla ya jioni. Mawe ni kwa ajili ya mimea ya kivulini, ya dirishani, ya ofisini, na kwa mtu anayesafiri.

Wasomaji wa Pwani huniuliza kila mara watumie nini, maana Meru iko mbali na nauli ya kiroba cha mawe haina maana. Jambo la kwanza, msitumie mawe ya matumbawe. Ni chokaa, yanapandisha alkali ya maji mpaka mmea unashindwa kuchukua chuma, na majani mapya yanatoka ya njano yenye mishipa ya kijani. Kama huna hakika na jiwe, lidondoshee ndimu au siki. Likitoa povu, lina chokaa, liache. Tumieni matofali ya kuchoma yaliyopondwa. Mengi yanavunjika na kutupwa kwenye kila tanuri, na tofali lililoiva vizuri lina vitundu, linanyonya maji, na halina chokaa isipokuwa kama lilishajengewa kwa saruji. Lipondeni ndani ya kiroba ili vipande visiruke machoni, chekecheni, osheni. Kisha chukueni vipande vichache mviloweke kwenye kopo la maji hadi asubuhi. Vikibaki vigumu na maji yakabaki maangavu, pandeni. Vikimomonyoka, tofali hilo halikuiva. Tafuteni jingine kutoka katikati ya tanuri, lile lililogeuka jekundu la kuiva hadi ndani.